Saruji iliyoozesha nguzo za kanisa letu niliimwaga mimi

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua. Mwezi uliopita gazeti lenu lilitoa picha ya kanisa letu la mbao huku juu Rondo, mkoani Lindi. Chini ya picha pakaandikwa kwamba lilijengwa na wamisionari wa Kizungu, kwamba limemalizwa na mchwa, na kwamba waumini wanajiandaa kulibomoa wajenge la matofali. Mwandishi wenu alikuja siku ya gulio, akapiga picha, akaongea na watu wawili barabarani, akaondoka na gari lilelile lililomleta. Simlaumu. Hata angeuliza seremala wa kanisa yuko wapi, angeambiwa yuko shambani kwenye mikorosho, na shamba langu liko mbali. Lakini katika mambo yale matatu, mawili si kweli, na la tatu bado linaweza kuzuilika.

Mimi ni seremala, nina miaka sabini na tatu. Nilibatizwa katika kanisa hilo, nikapata kipaimara enzi za Trevor Huddleston, aliyekuwa Askofu wa Masasi tangu 1960 hadi 1968, na kwa zaidi ya miaka arobaini kila kilicholegea humo nimekikaza mimi. Babu yangu mzaa baba alikuwa mmoja wa wapasuaji mbao waliolijenga. Mengi ninayoandika nimeyasikia kwake. Mengine nimeyasoma kwenye mbao zenyewe.

Nianze na wajenzi. Padre Mzungu alikuwepo, hilo sikatai. Alikuwa akipita kwa miguu kutembelea makanisa madogo madogo ya vijijini, na siku moja alichora mstatili mchangani kwa fimbo yake, akasema kanisa liwe upana huu na urefu huu, madhabahu ielekee mashariki. Kisha akaendelea na safari. Aliporudi baada ya kifuku, yaani msimu wa mvua, alikuta nguzo zimesimama. Babu alikuwa akituonyesha ile fimbo kwa kidole, kama vile bado ipo pale mchangani, na kusema: "Kazi yake ilikuwa hiyo mistari minne. Iliyobaki ilikuwa yetu."

Na hata hiyo misheni yenyewe ya Kianglikana haikuletwa kusini na Wazungu peke yao. Mwaka 1876 Askofu Edward Steere, yule mwenye kazi kubwa ya kutafsiri Biblia kwa Kiswahili, alishuka Lindi na kundi la watu waliokombolewa utumwani, wakapanda hadi Masasi, na hao ndio waliobaki kulima, kujenga na kufundisha. Mwaka 1882 Wamagwangwara, yaani Wangoni, waliwashambulia. Mwaka 1905, katika Vita vya Maji Maji, misheni ya Masasi ilichomwa moto, na za Wabenediktini, watawa wa Kikatoliki, kule Nyangao na Lukuledi pia. Wazee waliokaa kupanga kanisa letu walikuwa watoto au vijana wakati wa Maji Maji. Walijua nyasi na fito huwaka kwa muda gani, na walijua gogo nene la mti wa mkongo, moto hulila polepole. Babu alisema hilo lilizungumzwa barazani kabla mti haujaangushwa hata mmoja.

Watu wa nje huniuliza kwa nini mbao, ilhali mkoa wetu unajulikana kwa mawe. Kilwa Kisiwani na Songo Mnara ziko kwenye orodha ya urithi wa dunia tangu 1981, na kila mtoto wa shule anazijua. Jibu ni maji. Huku juu ardhi ni mchanga mwekundu unaonyonya mvua yote, na hakuna jiwe hata la kumrushia kunguru. Tofali linataka maji mengi, na maji yetu yalikuwa bondeni, mwendo wa kushuka alfajiri na kurudi jua likiwa utosini, ndoo moja kichwani. Bibi yangu alisema kanisa la matofali lingewamaliza wanawake wa kijiji kabla halijafika usawa wa madirisha. Miti ndiyo tuliyokuwa nayo. Kanisa lilijengwa kabla ya ule mpango wa Waingereza wa kulima karanga, ulioanza 1947 na kufika Nachingwea, wakati mivule ya Rondo ilikuwa bado mwitu, kabla misumeno ya mashine haijapanda huku na kuimaliza.

Nguzo ni kumi na mbili, zote za mkongo. Mbao za ukutani ni mvule. Milango na madirisha ni mninga, kwa sababu mninga ukishakauka hautanuki wala haupindi hovyo, na mlango wa kanisa lazima ufunguke hata katikati ya kifuku. Babu alikuwa akisema mti una nguo na una mwili. Nguo ni ile sehemu nyeupe ya nje, tamu kwa dumuzi na mchwa. Mwili ni kiini, chenye rangi. Zile nguzo zilichongwa kwa tezo mpaka nguo yote ikavuliwa, ndiyo maana ukizitazama leo si za mviringo kamili, zina pembe pembe, na ukipitisha kiganja unahisi kila pigo la tezo. Miti iliangushwa kiangazi, mwezi ukiwa kizani, kwa kuwa wazee wanashika kwamba mti uliokatwa mbalamwezi huliwa upesi.

Shimo la kupasulia lilikuwa nyuma ya shule, na bonde lake linaonekana mpaka sasa, limejaa majani ya mwembe. Gogo linalazwa juu ya shimo. Linapigwa mstari kwa uzi uliochovywa kwenye maji ya mkaa: unauvuta, unauachia, unabaki mstari mweusi ulionyooka. Mmoja anasimama juu ya gogo kuongoza msumeno, mwingine anakaa shimoni kuuvuta. Babu alikuwa wa chini. Unga wa mvule unawasha macho na kifua, na yeye macho yake yalibaki mekundu mpaka siku tulipomzika. Mtu anayesema kanisa hili lililetwa na Wazungu aingie ndani wakati wa asubuhi, jua linapopenya upande wa mlango, atazame mbao za ukuta wa kaskazini. Msumeno wa mashine wa mviringo huacha mikwaruzo iliyopinda kama upinde. Hapa mikwaruzo yote imenyooka, na haikulingana: mahali imebanana, mahali imeachana, mahali imebadili mwelekeo kidogo. Pale walipumzika. Pale walibadilishana. Mimi kuna ubao mmoja, wa nne kutoka chini, ambao mikwaruzo yake inalegea kuelekea mwisho, na kila nikiuona namfikiria mtu aliyekuwa shimoni na njaa.

Sasa paa, na hapa naomba Mhariri univumilie, maana hili ndilo ninalolipenda kuliko yote.

Nyumba za mawe za pwani zina vyumba vyembamba. Sababu yake ni boriti: mkoko hautoi boriti nzuri ndefu zaidi ya mita tatu hivi, na chumba hakiwezi kuizidi boriti yake. Kanisa lilitaka upana mara mbili ya huo bila nguzo katikati, ili watu waone madhabahu. Mafundi wa kijijini walijua nyumba za kulala. Upana ule uliwashinda. Basi wakateremka Lindi mjini wakamtafuta fundi wa majahazi. Alikuwa Mwislamu, mtu wa pwani haswa, na alipanda huku na sanduku la vifaa kichwani mwa mwanafunzi wake. Babu alisema alilizunguka lile eneo mara mbili bila kusema neno, kisha akauliza: "Mnataka lielee au lisielee?" Watu wakacheka. Yeye alikuwa anauliza kweli, kwa sababu njia aliyoijua ya kuziba upana ule ilikuwa moja tu.

Akawatuma vijana msituni watafute matawi yaliyopinda yenyewe, si ya kukunja kwa nguvu. Kwenye jahazi hayo huitwa mataruma, ndiyo mbavu zake. Aliyapanga mawili mawili, yakakutana juu, kila jozi ikasimama juu ya nguzo zake mbili, na chini yakafungwa na mtambaapanya, boriti ya kukingama, ili yasifumuke. Alitumia ulimi na tundu, akapitisha vigingi vya mpingo. Msumari wa chuma ulikuwa ghali, halafu hula mbao kwa kutu yake. Ubao wa juu kabisa, wa mgongoni, akauita mkuku, jina la ule uti wa chini wa jahazi, na sisi huku mlimani, maili nyingi kutoka baharini, mpaka leo tunauita mkuku. Watoto wa kwaya wanalitamka neno hilo bila kujua kwamba ni la chomboni. Kati ya mbao za ukuta alitia kalafati ya pamba kuziba nyufa na kupaka sifa, yaani mafuta ya papa, kama anavyofanya kwenye chombo. Mwaka 2009 nilibandua ubao mmoja wa upande wa kusini, nikakuta pamba ile imekuwa ngumu kama gome, na nyuma yake mvule mkavu, wenye rangi ileile uliyotoka nayo shimoni.

Na mawe. Fundi alikataa nguzo zichimbiwe ardhini. Alisema hajawahi kuona mti unaokaa mguu mmoja kwenye tope na mguu mwingine kwenye hewa ukadumu. Kwa hiyo yakaletwa mawe bapa kumi na mawili kutoka bondeni, wanaume wanne wanne, kwa mzega, wakipokezana njia nzima. Kila jiwe lilipakwa masizi juu, nguzo ikashushwa, ikainuliwa tena, na popote palipopata weusi pakachongwa. Tena ikashushwa. Tena ikainuliwa. Mpaka mguu wa nguzo ukakaa juu ya jiwe bila mwanya wa kupitisha jani. Babu alisema nguzo ya kwanza iliinuliwa mara kumi na nne, na kuna watu walitaka kwenda nyumbani.

Magogo yale yaliburutwa kwa ujima. Kila kitongoji kilileta nguzo yake, na kila kitongoji kikakata alama yake kwenye mguu wa nguzo, upande wa ndani, kwa patasi. Kitongoji cha bondeni, ambacho ni cha Waislamu mpaka leo, kilileta mbili. Shemeji zao walikuwa huku juu, na mtu hajengi nyumba yako ya arusi akakataa kukujengea ya sala. Huo ndio uliokuwa msemo wao. Alama yao ilikuwa mikato mitatu.

Kama kanisa lingeachwa hivyo, Mhariri, nisingekuwa na sababu ya kukuandikia.

Paa lilikuwa la nyasi, lenye upenu mpana unaofunika kuta mpaka karibu na magoti ya mtu mzima. Mimi nikiwa kijana mabati yalipatikana, tukafurahi, kwa sababu kuezeka upya kila baada ya miaka michache ilikuwa mzigo. Mabati yalitosha kufunika jengo. Hayakutosha kufunika upenu. Basi ncha za kombamoyo, zile fito ndefu za paa, zikakatwa kwa msumeno pande zote mbili, na tangu siku ile maji ya mvua yanaanguka karibu na ukuta na kurukia miguu ya nguzo. Hata hivyo nguzo zilistahimili, kwa kuwa zilikuwa juu ya mawe. Zinalowa, jua linatoka, zinakauka. Mchwa wakipanda, lazima wajenge njia yao ya udongo juu ya jiwe, mahali kila mtu anapaona, na mama aliyekuwa akifagia kanisa alikuwa akiifagia njia ile kila Jumamosi. Hiyo ndiyo ilikuwa dawa yetu ya mchwa kwa miaka yote hiyo: jiwe na ufagio.

Kisha nikaja mimi.

Nilikuwa nimefanya kazi na mradi wa maji wa Wafini, watu wa Ufini, uliochimba visima na kulaza mabomba Mtwara na Lindi. Nilikuwa seremala wa mbao za kufungia zege, na humo nikajifunza kuchanganya: saruji moja, mchanga mbili, kokoto nne. Mzee Mwinyi alikuwa ameingia Ikulu mwishoni mwa 1985, bidhaa zikaanza kurudi madukani, na saruji, ambayo tulikuwa tumeiota kwa miaka, ikaonekana Lindi. Mwaka uliofuata kamati ya kanisa ikanunua mifuko, ikaniita. Wakaniambia, wewe umefanya kazi na wataalamu, tuimarishie nguzo. Nikaimarisha. Nilizungushia kila nguzo kola ya zege, kutoka sakafuni mpaka magotini, nikailainisha kwa mwiko, nikaweka na ukingo mzuri juu. Watu walinisifu. Alama za vitongoji niliziona wakati namwaga. Nilijiambia saruji itazilinda.

Mbao hunywea. Kila kiangazi nguzo inajikunja kidogo, na kati yake na zege kunabaki ufa usioweza kuingiza wembe. Kifuku kikija, maji yanateremka kwa ufa ule, yanafika kwenye jiwe, hayana pa kutokea. Jua haliyaoni. Na mchwa, ambao zamani walilazimika kupita juu ya jiwe hadharani, sasa wana ukumbi wao, wenye giza na unyevu, mlango umefungwa nyuma yao na mimi. Ufagio wa yule mama haukuwa na la kufagia tena. Hiyo si kazi ya mchwa peke yake. Mchwa amekuwepo Rondo tangu kabla yetu, na kanisa lilikaa naye kwa miaka zaidi ya arobaini bila kudhurika.

Sikulielewa hili mapema, na nasema wazi kwamba nililaumu mti. Nilisema mkongo wa siku hizi si mkongo, wakati ulikuwa mkongo uleule wa babu. Kilichonifungua macho ni kalenda. Msimamizi mmoja Mfini, siku tunaagana, alinipa kalenda yenye picha ya kanisa la mbao la kwao, nikaitundika kiwandani kwangu juu ya benchi. Ilikaa hapo mpaka karatasi ikawa ya manjano. Mwaka juzi mjukuu wangu aliona maandishi ya chini, akayatafuta kwenye simu yake, akanisomea. Ni kanisa la Petäjävesi. Lilijengwa kati ya 1763 na 1765 na wanakijiji wakiongozwa na fundi wao, Jaakko Leppänen, na mnara wa kengele ukaongezwa 1821 na mjukuu wake, Erkki Leppänen. Niliposikia hapo nilimwambia mjukuu wangu asimame kwanza, arudie. Mjukuu wa fundi.

Mwaka 1879 walijenga kanisa jipya. La zamani hawakulivunja. Waliliacha, na mwaka 1994 likaingizwa kwenye orodha ileile iliyo na Kilwa Kisiwani. Miaka mia moja na kumi na tano tangu walipoliacha kama kitu kisicho na kazi.

Nikamwomba kijana aendelee kutafuta. Akanisomea habari za Norwei. Huko makanisa ya kwanza ya mbao nguzo zake zilichimbiwa ardhini, zikaoza. Waliofuata waliinua nguzo, wakaziweka juu ya magogo yaliyolazwa kwenye mawe, na kanisa la Urnes, la karne ya 12, limesimama hivyo mpaka leo. Nilinyamaza muda mrefu. Fundi wa majahazi wa Lindi, ambaye hakuwahi kusikia jina la nchi hiyo, aliona jambo lilelile akiwa amesimama kwenye mchanga wa Rondo, na wazee wetu wakamwamini wakabeba mawe kutoka bondeni. Mimi nikayafukia.

Sasa nije kwenye hilo la kubomoa. Sipingi kanisa jipya. Waumini wameongezeka, na Jumapili nusu yetu tunasali tukiwa nje chini ya miembe, wazee na watoto wachanga wakiwa juani. Kanisa la matofali linahitajika, na maji sasa yako karibu. Lakini kiwanja kilicho upande wa shule ni cha kanisa na kiko wazi. Kwa nini jipya lijengwe palepale la zamani lilipo? Nimeuliza kwenye mkutano, nikajibiwa kwamba la zamani litaanguka lenyewe. Nimezigonga nguzo zote kwa nyundo, moja baada ya nyingine. Saba zinalia. Tano zimenyamaza, na hizo tano zimeoza mguuni tu. Mataruma yote yako imara. Mkuku haujapinda.

Kazi yenyewe naijua. Tunaegemeza mtambaapanya kwa magogo na jeki nne za lori, tunapandisha paa kiasi cha unene wa kidole. Tunavunja zege. Tunakata mguu uliooza mpaka kwenye mti mzima, tunaunga mguu mpya wa mkongo kwa kiungo cha kulaliana na vigingi, tunaushusha juu ya jiwe lake la zamani, kwa masizi, kama walivyofanya. Mkongo unahitaji kibali cha Wakala wa Huduma za Misitu, na niko tayari kwenda ofisini mwenyewe. Miguu ipakwe mafuta ya maganda ya korosho, ambayo huku kusini hayakosekani na mchwa hawayapendi, ila mpakaji avae mifuko mikononi maana yanachoma ngozi. Kisha turudishe upenu: turefushe kombamoyo na kuongeza bati moja kila upande. Mimi na vijana watatu, wiki tano au sita, kiangazi. Sitaki malipo yangu. Walipwe vijana.

Kuna aliyeniambia niwaachie watu wa Mambo ya Kale. Sheria yetu ya mwaka 1964 huhesabu mpaka wake kwenye mwaka 1863, na kanisa letu ni changa kuliko huo. Waziri anaweza kulitangaza, lakini hiyo ni njia ndefu na kamati inataka kubomoa baada ya Pasaka. Tena magofu ya mawe yanaweza kungoja. Kilwa ilingoja mamia ya miaka, ikasimama. Hata yule mjusi mkubwa wa kale, dinosaria wa Tendaguru, aliyechimbwa hapa mkoani kwetu kati ya 1909 na 1913 akapelekwa Berlin, alikuwa amengoja ardhini mpaka wakamkuta. Mbao haziachi gofu. Mbao za mvule zikishang'olewa zinakuwa vitanda na milango ya mabanda ndani ya wiki moja, na hakuna atakayejua taruma lipi lilikaa juu ya nguzo ipi.

Padre wetu ni kijana msikivu. Wiki mbili zilizopita aliniruhusu nifungue nguzo moja tu, ya tatu upande wa kusini, ili kamati ione. Nilivunja zege kwa patasi na nyundo siku mbili, taratibu, kama mtu anayemtoa mtoto mwiba. Ndani kulikuwa na udongo wa mchwa, mweusi na wenye maji. Shibiri moja na nusu ya mguu imekwisha kabisa, unaichota kwa mkono. Juu ya hapo patasi iliruka. Jiwe liko chini, halijasogea. Na juu kidogo ya pale palipooza, upande wa ndani, iko mikato mitatu, safi, kama imekatwa jana. Kwa miaka yote hii nilikuwa nimeifunika, na mtu yeyote aliyeingia kanisani na kuuliza nani alijenga alikuwa akitazama zege langu.

Nilimtumia ujumbe mzee mmoja wa kitongoji cha bondeni, aje aone. Amenizidi miaka, na magoti yanamsumbua, lakini alipanda. Nilimpa shikamoo, nikamwekea kigoda pale chini. Aliivua kofia yake, akaishika mikato ile kwa vidole vitatu, kidole kimoja kila mkato, akakaa hivyo. Kisha akaniuliza wao walileta nguzo mbili, na hiyo nyingine itafunguliwa lini. Nikamwambia nasubiri kamati.

Wako,
Seremala mstaafu,
Rondo, Lindi